Sabuni ya Vyombo: Ndimu na Magadi Havikai Beseni Moja

Leo tuzungumze juu ya kuosha vyombo. Labda utashangaa. Utasema, bwana shamba ana kazi gani na sahani? Kazi yake si mihogo na migomba? Ni kweli. Nilisomea kilimo pale Kizimbani, nikapata cheti, na kwa miaka mingi nimezunguka vijiji vya Kaskazini Unguja. Mimi ni mwanamke, lakini watu wananiita bwana shamba. Jina la kazi ndilo hilo, nimelizoea. Sasa mtu anayezunguka vijijini hukaribishwa chakula. Anayekaribishwa chakula huziona sahani za watu. Na akina mama wakishamaliza kuniuliza habari za mihogo, huniuliza habari za sabuni.

Kijiji cha Kendwa kiko pwani, jirani na Nungwi. Ardhi yake ni ya mawe ya matumbawe. Ukipiga jembe mara mbili tatu unakutana na jiwe. Ufukweni kuna hoteli nyingi. Nyuma ya hoteli, kijijini, yupo mama mmoja mwenye banda la chai. Wateja wake ni mafundi wa ujenzi na vijana wanaofanya kazi hotelini.

Siku moja nilipita bandani kwake nikitoka kutazama mihogo. Vikombe vya kioo vilikuwa vimepangwa mezani. Vilikuwa vimeoshwa, lakini vina ukungu mweupe. Sahani nazo ukizishika zinateleza. Fundi mmoja alikinusa kikombe chake, akakirudisha. Akasema, "Mama, nibadilishie. Hiki kinanuka shombo." Mama akanyamaza, akambadilishia. Fundi alipoondoka akaniambia, "Mwanangu, umesikia? Leo amesema huyu. Jana walisema wawili. Wakianza kwenda banda la pili, watoto wangu nitawapa nini?"

Mama huyu si mvivu, wala si mchafu. Vyombo vyake anaviosha mara mbili. Sabuni ya chupa ananunua, na mwezi hauishi kabla hajamaliza chupa 4. Alipoona fedha inakwenda, akajaribu kutengeneza sabuni yake mwenyewe. Mwanawe alimwonyesha kwenye simu namna ya kufanya. Chukua ndimu, chukua magadi, tia siki, tia chumvi, changanya vyote pamoja. "Vinachemka kweli," aliniambia. "Povu linapanda mpaka linamwagika. Lakini mafuta hayatoki." Alipoona hayatoki akaongeza na jiki. Hapo alikohoa mpaka akakimbilia nje, macho yanamtoka machozi.

Basi tulikaa tukaanza kitu kimoja kimoja. Na wewe msomaji, twende pamoja.

Kwanza, jiulize kwa nini mafuta hayatoki kwa maji matupu. Maji na mafuta havipatani. Mwaga maji juu ya sahani iliyoliwa pilau, utaona maji yanakwenda zake na mafuta yanabaki. Lazima awepo mshenga wa kuwapatanisha. Mshenga huyo ni sabuni.

Bibi zetu waliosha vyombo kwa majivu na makumbi, wala hawakuwa wajinga. Majivu ya kuni yana kitu kinachoitwa potashi. Potashi ikikutana na mafuta katika maji ya moto, huyageuza mafuta kidogo kuwa sabuni. Soma tena hapo. Mafuta yenyewe yanakuwa sabuni. Kwani sabuni ni nini? Ni mafuta yaliyounganishwa na kitu kikali cha namna hiyo. Ndiyo maana sufuria yenye mafuta, ukiisugua kwa majivu na maji ya moto, inatakata bila sabuni ya duka.

Magadi ni ndugu ya potashi. Magadi yanatoka bara. Yako katika Ziwa Natron, mkoa wa Arusha. Nchini Kenya kuna Ziwa Magadi, ambako kampuni ya kuyachimba ilianzishwa mwaka 1911. Watu wa viwandani huyatumia kutengeneza kioo na sabuni za unga. Sisi tunayajua zaidi kwa kulainisha maharage. Magadi nayo yanapambana na mafuta, na yana faida nyingine kubwa kwa watu wa Kendwa. Nitaieleza punde.

Ndimu iko upande mwingine kabisa. Ndimu ni kali kwa uchachu. Haiwezi mafuta mengi. Kazi yake ni kuondoa chokaa na kutu. Tazama ndani ya birika lako la chai. Utaona gamba jeupe. Hilo ni chokaa iliyotoka katika maji. Chemsha humo maji yenye ndimu mbili, uache yapoe. Gamba litalegea, litatoka. Kule Mji Mkongwe wenye sinia za shaba huzing'arisha kwa ndimu au ukwaju. Ni kazi ile ile.

Sasa ukichanganya ndimu na magadi unapata nini? Unapata povu lile alilolisema mama. Linachemka, linapanda, linapendeza macho. Lakini povu hilo si nguvu ya kuosha. Ni vita. Magadi yanaiua ndimu, na ndimu inayaua magadi. Vita vikiisha, beseni linabaki na maji ya chumvichumvi yasiyo na kazi. Umepoteza ndimu, umepoteza magadi, na sahani bado inateleza.

Nilimwita kijana mmoja wa kijijini anayefanya kazi jikoni katika hoteli. Huko wana mashine ya kuoshea vyombo. Nikamwomba amweleze mama jinsi mashine ile inavyofanya kazi. Akasema, "Mashine haisugui, mama. Inarusha maji ya moto kwa nguvu. Dawa ya kwanza ni kali, inatoa mafuta. Maji hayo yakishamwagwa ndiyo inakuja dawa ya pili ya kusuuzia, ili glasi zisiwe na madoa." Mama akauliza, "Haziwekwi pamoja?" Kijana akasema hapana, kila moja ina mahali pake na wakati wake.

Umeona? Hata mashine ya fedha nyingi inafuata zamu. Na ujue kwamba mashine hizo si kitu cha jana. Mama mmoja wa Marekani, Josephine Cochrane, alichoka kuona sahani zake nzuri zinavunjwa wakati wa kuoshwa. Akabuni mashine yake, akapewa hati ya ubunifu mwaka 1886. Mwaka 1893 aliionyesha katika maonyesho makubwa ya Chicago. Sisi hatuna mashine, lakini utaratibu wake tunauweza kwa beseni na ndoo.

Sasa turudi kwenye maji ya Kendwa. Maji yetu ya chini yanapita katika mawe ya matumbawe. Yanapopita yanabeba chokaa. Maji ya namna hiyo huitwa maji magumu. Sabuni ikiingia katika maji magumu haitoi povu upesi. Inashikana na chokaa, inakuwa utando mweupe, unanata katika vikombe. Ule ukungu wa vikombe vya mama haukuwa uchafu wa wateja. Ulikuwa utando huo huo na gamba la chokaa. Kadiri alivyoongeza sabuni ya mche, ndivyo utando ulivyozidi. Na shombo la dagaa lilishika katika utando huo.

Usiniamini kwa maneno. Jaribu. Chukua chupa mbili zenye vifuniko. Moja tia maji ya mvua, nyingine maji ya kisima. Kila moja tia sabuni ya mche iliyokwaruzwa, kiasi cha ncha ya kijiko. Tikisa kila chupa huku ukihesabu mpaka 20. Katika maji ya mvua povu litasimama. Katika maji ya kisima povu litakuwa haba, na utaona vipande vyeupe vinaelea. Tulipofanya hivyo bandani, mafundi waliacha chai zao wakaja kutazama. Mmoja akasema kumbe ndiyo maana hata shati lake halitakati.

Hapa ndipo magadi yanapofaa. Twanga magadi ya mawe yawe unga. Tia kijiko kimoja cha chakula katika ndoo ya lita 20, koroga vizuri, acha nusu saa. Maji yatakuwa kama yametiwa tui kidogo, kisha ile chokaa itazama chini. Chota maji ya juu taratibu. Hayo yamelainika. Ni ya kuoshea tu. Usiyanywe. Kama una maji ya mvua, huna haja ya magadi, ila watu wengi huyamaliza maji ya mvua mapema.

Sabuni yenyewe tuliitengeneza hivi. Tulikwaruza sabuni ya mche kwa kikwaruzo, tukapata kikombe kimoja cha chai. Tulipasha moto lita 3 za maji yaliyolainishwa, yasichemke sana. Tukatia sabuni kidogo kidogo huku tukikoroga kwa mwiko mpaka ikayeyuka yote. Tukafunika, tukaacha mpaka asubuhi. Asubuhi ilikuwa nzito kama uji. Ikiwa imeganda sana, ongeza maji ya moto ukoroge. Ikiwa nyepesi, haidhuru, itafanya kazi. Vijiko vinne vya sabuni hiyo vinatosha beseni moja la maji ya moto. Haitoi povu jingi kama ile ya dukani. Usitafute povu. Pitisha kidole juu ya sahani. Kama kidole kinalia, sahani imetakata.

Usitie ndimu ndani ya sabuni hiyo, hata kwa ajili ya harufu. Ndimu huvunja sabuni, nayo hurudi kuwa mafuta. Ukitaka kuona, kamua ndimu katika glasi ya maji ya sabuni. Maji yatageuka meupe, na vipande vya mafuta vitaelea juu.

Zamu ni hizi. Kwanza kwangua makombo, uwape kuku. Osha vyombo kwa maji ya moto na sabuni, ukianza na glasi na vikombe, umalize na vyombo vya samaki. Ukianza na samaki, kila kikombe kitanuka samaki, na hapo usimlaumu fundi. Kisha suuza kwa maji safi mpaka sabuni iishe. Baada ya hapo, kwa vikombe vya kioo tu, tumbukiza katika ndoo ya maji uliyokamulia ndimu moja au mbili, usuuze tena. Mara moja kwa wiki inatosha. Ndimu zikiwa ghali, mbirimbi zinafaa, na ziko nyumba nyingi zikianguka chini bure.

Vyombo vikishasuuzwa, vipange juu ya kichanja vikauke kwa jua. Usivifute kwa kitambaa kile kilichofutia meza. Wakati wa kipindupindu cha mwaka 2015 na 2016 hapa Zanzibar, tuliambiwa sana juu ya maji na vyombo. Kipindupindu kikiondoka, watu husahau kichanja wakakifanya kuni. Baba, kichanja ni miti minne na fito. Ni kazi ya asubuhi moja, usimngoje mama akuombe mara tatu.

Jambo jingine ni sufuria. Sufuria zetu nyingi ni za alumini. Alumini na magadi ni maadui. Ukiloweka sufuria ya alumini usiku kucha katika maji ya magadi, asubuhi itakuwa nyeusi, na ukirudia kila siku italiwa mpaka iwe nyembamba. Ukoko ulioshika, loweka kwa maji ya moto matupu, halafu sugua kwa makumbi na sabuni. Masizi ya nje sugua kwa majivu na mchanga laini, usuuze mara moja. Sufuria iliyokwisha kuwa nyeusi ndani, chemshia maji ya ndimu au mbirimbi, itang'aa tena. Magadi yawe kwa glasi, sahani za udongo na sahani za bati. Na ukimaliza kazi paka mikono mafuta ya nazi, kwa sababu magadi hukausha ngozi.

Sasa nina neno zito. Naomba usome polepole.

Wapo watakaokuambia utengeneze sabuni kuanzia mwanzo, kwa mafuta ya nazi na kostiki. Ni kweli sabuni hutengenezwa hivyo. Akina mama wa Kidoti, na wenzao wa Paje, wanatengeneza sabuni nzuri ya mwani. Lakini wao wamefundishwa. Wanapima kwa mizani, wanavaa glavu. Kostiki si magadi. Kostiki inachoma nyama.

Katika kijiji kimoja ninachokitembelea, mtu alinunua kostiki akaiyeyusha, akaitia katika chupa ya soda. Akaiweka chini ya meza. Mtoto wa miaka mitatu alitoka kucheza ana kiu. Aliona chupa ya soda. Alimeza mara moja tu. Mtoto yule yu hai, tunamshukuru Mungu. Lakini koo lake lilibaki na kovu. Muda mrefu alilishwa uji mwembamba, na wenzake wakila mkate yeye alikuwa akiwatazama. Nilikuwa nikipita kwao nikimwona amekaa kizingitini na kikombe chake. Ndiyo maana nimeandika habari hii, wala si kwa sababu ya sahani.

Kwa hiyo kostiki usiiweke nyumbani. Mtu akiimeza, usimtapishe. Itamchoma mara ya pili ikipanda. Asukutue mdomo kwa maji, ateme, apelekwe hospitali mara moja, na chupa yenyewe mwende nayo ili daktari aione. Ikimwagikia mwili, vua nguo iliyolowa, mwagia maji mengi yanayotiririka kwa dakika 20 au zaidi. Ndimu isipakwe.

Jiki nayo usiichanganye na ndimu, siki wala kitu chochote kichachu. Hutoka hewa ya sumu. Ile ndiyo iliyomkohoza mama bandani. Kama ingekuwa usiku, na mlango umefungwa, tungesema mengine. Jiki ina kazi yake, na kazi hiyo ni ya peke yake na maji baridi.

Hata sabuni hii ya kwetu isiyo na kostiki usiitie katika chupa ya soda au ya maji ya kunywa. Tumia kopo pana lenye kifuniko, uliweke juu. Na wewe sasa unajua kusoma na kuandika, basi andika. Mama wa banda alijifunza kuandika ukubwani, katika darasa la watu wazima. Alichukua kalamu ya wino mzito ya mwanawe, akaandika juu ya kopo kwa herufi kubwa: SABUNI. USINYWE. Herufi N ya pili aliigeuza nyuma mbele, lakini inasomeka. Watoto wasiojua kusoma aliwachorea na msalaba mwekundu. Sasa ananunua mche mmoja mahali pa zile chupa, na vikombe vyake ukiviinua juani unaona vidole vyako upande wa pili.

Imebaki habari ya maji machafu, na hapa narudi katika kazi yangu. Kendwa ukimwaga maji, jiwe linayameza upesi. Yanapokwenda ni chini, na chini ndiko kwenye maji ya kisima. Usimwage maji ya vyombo karibu na kisima au karibu na pango la maji. Maji ya kusuuzia na maji ya majivu unaweza kuipa migomba, kwa sababu mgomba unapenda potashi. Ila usimwage shina moja kila siku. Ardhi ya matumbawe ina chokaa nyingi tayari, na majivu yakizidi yanachosha udongo. Leo shina hili, kesho lile. Maji ya magadi usiipe bustani kabisa. Magadi yana chumvi. Mchicha utaungua ncha za majani, kisha utasema mbegu niliyokuletea ilikuwa mbaya. Chimba shimo dogo mbali na nyumba, lijaze makumbi na kokoto, uyamwage humo. Makumbi yakioza, yatoe, uweke mengine.